Drafti ya Safi na Fifi

Juzi nilikuwa Mwanza natafuta mito ya kulalia. Mwenye duka, mama mmoja wa maneno mengi, akaniona nasitasita, akachukua mto mmoja, akafumua mshono kwenye kona na kuchomoa kibonge cha pamba. Akanisogezea mpaka puani. "Pamba yenyewe hii, dada yangu, siyo sponji! Nusa mwenyewe!" Masikini, hakujua amefanya nini. Ile harufu kavu, yenye vumbi la gunia na mafuta ya mbegu kwa mbali, ilinipata vibaya nikashika kaunta. Nilitaka mito miwili, nikanunua minne, na sikuomba hata kupunguziwa.

Ninyi wa rika langu mliokulia kwenye pamba hamhitaji maelezo. Ninyi wengine, acheni niwaeleze, maana nina jambo la kujisifia na leo sitajizuia.

Mama yangu alikuwa mchezaji wa drafti. Nasema hivyo kama mtu anavyosema mama yake alikuwa mkunga au fundi cherehani, kwa sababu ndiyo kazi iliyomfanya ajulikane. Msimu wa pamba ukifika alifungasha kitenge cha kubadilisha na karanga za njiani, akapanda lori kwenda Maswa, Bariadi, Shinyanga, mpaka Mwanza, kukutana na mabingwa wa huko. Alirudi na mbuzi, alirudi na redio, mwaka mmoja alirudi na baiskeli ambayo baba aliipanda kuliko sisi sote. Wanaume waliokuwa wakijiita wafalme wa drafti walimwona akishuka kwenye lori na kujifanya wana safari. Wanaomsimulia huanzia hapo, akiwa tayari bingwa. Mimi naanzia nyuma kidogo, kwa sababu nilikuwepo, na kwa sababu nusura niharibu kila kitu kwa mdomo wangu mwenyewe.

Kwetu ni Nkoma. Wakati huo ulikuwa wakati wa ruksa. Neno lenyewe lilikuwa kila mahali: biashara ruksa, mitumba ruksa, kununua pamba ruksa. Kabla ya hapo chama cha ushirika ndicho kilichonunua pamba peke yake, na baba yangu alikuwa karani wa mizani wa chama. Kazi yake ilikuwa kupima na kuangalia daraja. Pamba nyeupe iliyochambuliwa vizuri iliitwa safi. Ile ya njano, yenye madoa ya wadudu na uchafu wa majani, iliitwa fifi. Nyumba nzima tulikaa chini jioni tukichambua: safi huku, fifi kule. Mama alikuwa na jicho lake. Unaweza kumpa kibonge ambacho wewe unakiona cheupe kabisa, anakigeuza mara moja, anakitupa kwenye fifi, na ukikichunguza unakuta kweli, doa liko ndani.

Kazi ikiisha na jua bado lipo, baba alilaza chini ubao wa mlango wa zamani aliouchora miraba kwa mkaa. Hatukuwa na kete. Yeye na mama walitumia pamba yenye mbegu ndani, vibonge kumi na viwili vya safi na kumi na viwili vya fifi. Kibonge kikiingia kingi walikisokota pamoja na mwenzake. Baba siku zote alishika safi. "Mimi karani wa chama," alisema, "siwezi kuonekana nimeshika fifi." Basi mama akacheza fifi miaka yote.

Na mama alishinda. Kila siku. Baba alijikuna kidevu, akakunja shingo, akaangalia ubao kama mtu anayetafuta sindano, halafu akainuka na kupangusa mikono. "Leo nimemwachia mama yenu," alitutangazia. "Ameshinda juani, masikini." Mama alicheka ndani ya kitenge chake na kukusanya vibonge. Hakuwahi kujibu.

Mimi niliamini. Wallahi niliamini kuliko nilivyoamini mafundisho ya Jumapili. Niliona hayo ndiyo mapenzi yenyewe: mwanamume bingwa wa Nkoma nzima, maana baba alikuwa bingwa kweli pale kituo cha kununulia pamba, anarudi nyumbani na kumwachia mke wake ashinde ili afurahi. Nilijisifia shuleni. Niliapa kwamba nikikua nitaolewa na mwanamume wa kuniachia hivyohivyo.

Halafu wanunuzi binafsi wakaja na malori yao na mizani yao. Hawakuuliza safi wala fifi, walichukua yote gunia moja. Mama aliliona jambo hilo kama tusi. "Sasa tunachambua ya nini?" aliuliza, lakini akaendelea kuchambua. Chama kikafunga mlango. Baba akarudi nyumbani na kalamu yake mfukoni, na kilichombakia cha kumfanya aitwe mtu ni lile benchi la drafti kwenye veranda ya godauni jipya la wanunuzi.

Na hilo nalo likachukuliwa. Lori moja kutoka Maswa lilimshusha mwanamume mrefu mwenye kofia ya kijivu na viatu vinavyong'aa, ambaye watu walimwita Profesa. Hakuwa karani wala kuli. Alikuwa anaishi kwa drafti. Alifuata malori ya pamba, kila kituo anacheza na bingwa wa hapo, anamfunga, anapewa chakula na sifa, anaendelea mbele. Alikuwa na ubao wa kukunja wenye bawaba, na kete za mbao, nyekundu na nyeusi, ndani ya kifuko cha ngozi. Sisi watoto tuliafikiana kwamba ndani ya kifuko kile kuna dawa. Kwetu hakuna mashindano bila dawa, hata ngoma za kiangazi zinatafutiwa dawa, sembuse mtu anayekula kwa mchezo.

Alimfunga baba michezo mitatu mfululizo. Sikuwepo, nilikuwa shuleni, lakini nilijua kabla sijafika nyumbani, kwa sababu nilikutana na wimbo njiani.

Lazima mwelewe kwetu. Kwetu kushindwa hakuishii kwenye kushindwa. Unatungiwa wimbo. Ngoma mbili zikishindana, iliyokimbiwa na watazamaji huimbwa mwaka mzima, na mtu vilevile. Pale godauni kiongozi wa makuli alikuwa Limbu, mwenye kifua kama pipa na sauti ya kufika ng'ambo ya mto. Aliwatungia makuli wimbo wa kupakilia magunia. Ulikuwa wa Kisukuma, na kwa Kisukuma unauma zaidi, lakini maana yake ni hii:

*Karani wa mizani, ulipima pamba yetu,*
*mbona kichwa chako hukukipima?*

Basi ukaenea. Wanawake waliuimba wakitwanga, wachungaji waliuimba nyuma ya ng'ombe, shuleni waliuimba mstarini mwalimu akigeuka. Nilimng'ata Mabula mkono, mtoto wa jirani, mpaka nikapigwa viboko sita, na kesho yake akauimba tena akiwa na kitambaa mkononi. Nililia kwa hasira, siyo kwa viboko.

Baba alijitia kuumwa malaria. Alijifunika blanketi mchana kweupe, jasho linamtoka, anasema ana baridi. Ubao wa mlango ukaegemezwa ukutani. Jioni mama alichambua pamba peke yake na mimi, na siku ya nne au ya tano akamwendea pale kitandani.

"Baba Kabula," akamwita kwa jina langu, "mpaka lini?"

"Niache, naumwa."

"Huumwi. Magunia yamejaa, kesho tunayapeleka. Utaswaga ng'ombe."

"Pale? Mbele ya wale?"

"Pale pale. Na mimi nitacheza na huyo mtu."

Baba alikaa kitako. Alimwangalia mama, akaniangalia mimi niliyekuwa mlangoni, akajifunika tena. Nilijisemea, Mayu, ndivyo nilivyomwita mama, ameanza kuamini kwamba anashinda kweli. Jamani, nani atamwambia?

Tulifika godauni mchana. Mikokoteni ilikuwa imepanga foleni mpaka barabarani, watu wamekalia magunia, wengine siku ya pili hawajapimiwa. Baba alikuwa ameshusha kofia mpaka kwenye nyusi. Haikusaidia. Profesa alikuwa kwenye benchi lake, akamwona, akainua mkono.

"Karani! Mwangaluka! Umekuja kupima tena?"

Veranda nzima ikaangua kicheko. Limbu alianza kuvuta wimbo taratibu, kama mtu anayeonja uji. Baba alijishughulisha na kamba ya ng'ombe. Mama akakabidhi fimbo yake kwangu, akakaza kitenge kiunoni na kwenda moja kwa moja mpaka mbele ya benchi.

"Nataka kucheza na wewe," akasema.

Kicheko kikaisha, halafu kikaanza upya, kikubwa zaidi. Profesa peke yake hakucheka. Alikuwa mtu wa adabu, lazima niseme haki yake.

"Mama, usinielewe vibaya. Mimi sichezi na kila anayekuja, nitamaliza lini? Nikifika mahali nacheza na bingwa wa mahali hapo. Bingwa wenu nimemfunga. Anayetaka kiti hiki, awe amemfunga yeye kwanza. Ndiyo sheria yangu toka Shinyanga." Akamwangalia mama usoni. "Mumeo umewahi kumfunga?"

Mama alinyamaza. Kwa akili yangu ya miaka tisa nilidhani amenyamaza kwa sababu jibu ni hapana. Leo najua jibu lilikuwa ulimini kwake, na alilimeza, maana kulitamka mbele ya kituo kizima kulikuwa kummaliza baba kabisa. Aliangalia chini. Watu wote wakageuza shingo kumtazama baba.

Na mimi, mtoto mwema, mtetezi wa heshima ya nyumba yetu, nikapanda juu ya mkokoteni na kupiga kelele: "Baba huwa anamwachia! Nyumbani anamwachia tu!"

Hamjasikia kicheko mpaka msikie kile. Watu waliangukiana. Profesa alitikisa kichwa kwa huruma, akaanza kupanga kete zake upya kumngojea mwingine. Mama hakugeuka kunitazama. Niliona mabega yake yakishuka, nikajua nimefanya kitu kibaya, ila sikujua ni kitu gani.

Ndipo baba akaachia kamba ya ng'ombe. Akavua kofia. Alipita katikati ya watu mpaka kwenye benchi, akasimama pembeni ya mama.

"Mtoto anasema nilichomwambia mimi," akasema. "Nilimdanganya. Sijawahi kumwachia huyu mama. Tangu mtoto huyu hajaota meno, tunacheza kila jioni, sijamfunga hata siku moja. Nimejaribu, jamani. Nimejaribu sana."

Nikasikia ng'ombe wetu wakicheua. Halafu mzee mmoja juu ya gunia akasema, "Weee!" na kicheko kikalipuka, lakini baba hakuondoka. Alisimama palepale akichekwa, kofia mkononi. Mimi masikio yalikuwa yanawaka moto. Limbu alikuwa ameshakuna kichwa, midomo inachezacheza, anaanza kutunga: karani anayefungwa na mke wake jikoni! Nilielewa haraka sana hesabu ya jambo lile. Mama akishindwa sasa, wimbo utakuwa na ubeti wa pili, na huo wa pili hautakufa mpaka sisi wenyewe tufe. Tungehama Nkoma.

Profesa alisogea kwenye benchi. "Karibu kiti, mama. Michezo mitatu. Atakayeshinda miwili basi."

Mama akakaa. Akazigusa zile kete za mbao kwa ncha ya kidole, zikamtelezea. "Hapa fifi ni zipi?" akauliza. Watu wakacheka tena. Akachukua nyeusi.

Mchezo wa kwanza alifungwa, na alifungwa haraka. Kete moja ilimponyoka, ikaanguka chini ya benchi. Limbu akakohoa kusafisha koo. Hapo baba akachuchumaa karibu na mama, mbele ya macho ya wote.

"Mama Kabula, unamwogopa mtu au unaogopa mbao zake?"

"Mbao," mama akajibu.

"Basi usizitazame. Hiyo ni pamba. Chambua."

Mama akavuta pumzi. Mchezo wa pili mama alikuwa mtu mwingine. Alianza kukaa muda mrefu bila kugusa kitu, macho yanakwenda kona kwa kona, kisha anasogeza kete moja kwa kidole kimoja, kama alivyokuwa akitupa doa kwenye fungu la fifi. Profesa aliacha kuongea na watu. Mama akaingia kingi, akazunguka nyuma, akafagia. Mmoja kwa mmoja. Sasa hata waliokuwa wanapimiwa waliacha mizani wakaja.

Mchezo wa tatu ndio ulionitoa roho. Mnajua drafti: kete ikiwa mbele yako ya kuliwa, ni lazima uile, upende usipende. Nilimwona mama akisogeza kete mbele ya mdomo wa Profesa. Akala. Akasogeza nyingine. Akala. Akasogeza ya tatu! Watu wakaguna. "Anamlisha tu," mmoja akasema. Mimi sikuweza. Niliteremka, nikaingia chini ya mkokoteni, nikatia vidole masikioni na kuanza kumwomba Mungu, na kwa kuwa sikuwa na hakika, nikakiomba pia kile kifuko cha ngozi kiihurumie nyumba yetu.

Kutoka kule chini nilichoweza kuona ni miguu. Kiatu kimoja cha Profesa kilikuwa kinagongagonga sakafu kwa raha zake. Miguu ya mama, yenye kandambili za rangi mbili, ilikuwa imetulia. Kiatu kikagonga, kikagonga. Kisha kikaacha. Nikatoa vidole masikioni. Kule juu hakuna aliyekuwa anaongea. Kiatu kikarudi nyuma, kikajificha chini ya benchi, na kandambili moja ya mama ikapanda juu ya nyingine polepole, kama anavyofanya mtu aliyeketi kwake.

Nikatoka mbio, nikapenya kati ya miguu ya watu. Nilifika mama ameinua kete nyeusi moja. Akaruka. "Moja," watu wakahesabu. Akaruka tena. "Mbili!" Ya tatu ikamfikisha mstari wa mwisho kabisa, kingi. Zile tatu alizomlisha zilikuwa zimemtoa Profesa nyumbani kwake, mlango ukabaki wazi. Alibaki na kete mbili, zimebanwa kona, hazina pa kwenda. Alizitazama muda mrefu. Hakuna aliyemharakisha. Mwisho akavua kofia yake ya kijivu, akainuka kwenye benchi, na kwetu aliyefungwa ndiye anayeinuka.

"Nimepita vituo vingi," akasema. "Mama, sijapata kufungwa hivi."

Acha nisijaribu kueleza kelele zile. Ng'ombe wa watu walikata kamba. Baba alinibeba mabegani, mtoto mkubwa wa miaka tisa, na alikuwa analia bila kujificha, anacheka, analia. "Mnaona?" aliwauliza watu. "Mnaona nilivyoteseka peke yangu miaka yote?" Makuli walitupa magunia chini. Wimbo wa mizani ulifia pale, sikuusikia tena hata kwa Mabula.

Limbu alipanda juu ya gunia, akapiga makofi mara tatu kunyamazisha watu. Alikuwa tayari na wimbo mpya, mdomo unamwasha. "Tumwimbe nani?" akamwuliza mama. "Mke wa karani?"

"Hapana," mama akasema.

"Mama Kabula, basi."

Mimi kule mabegani nilivimba kichwa. Mama akanitazama, akatabasamu kidogo, akatikisa kichwa. "Kabula hakucheza."

Akapanda kwenye benchi. Sikuwahi kumwona mama yangu akisimama juu ya kitu chochote mbele ya watu. "Mimi ni Minza," akasema, na sauti yake ilifika mpaka mkokoteni wa mwisho. "Minza ng'wana Ndaki. Imbeni hivyo."

Wakaimba. Limbu alilirusha jina juu na watu mia wakalidaka, Minza, Minza ng'wana Ndaki, na baba chini yangu akaimba kuliko wote mpaka nikahisi kifua chake kikitikisa miguu yangu. Kwangu alikuwa Mayu, kwa majirani alikuwa mama wa Kabula, na sikuwahi kujiuliza kama ana jina lingine. Ilinichukua muda kuelewa kwamba ni yeye anayeitwa hivyo. Nilipoelewa, nikafungua mdomo na kuliimba jina la mama yangu kwa mara ya kwanza, kwa nguvu zangu zote.